Nyoka wa Vichwa Viwili



Mvua za kwanza zilipoanguka, nyumba moja ya jirani zangu iliingiwa na hofu. Mama mwenye nyumba aliinua mtungi, akakuta chini yake nyoka mdogo mweusi, mwenye kung'aa, mnene kama penseli. Akamtazama mbele, akamtazama nyuma: kote sawasawa. "Ana vichwa viwili!" akapiga kelele. Nyoka akauawa. Kabla jua halijachwa, watu walikwisha kumtaja bibi mmoja mjane, ya kuwa ndiye aliyemtuma. Nilipokwenda kwake nilimkuta amejifungia ndani, analia. Kwa sababu hiyo naandika habari hii leo.

Nilimgeuza yule nyoka kwa kijiti mbele ya watu. Hakuwa na vichwa viwili. Alikuwa nyoka kipofu. Mkia wake ni butu kama kichwa, na macho yake yamefunikwa na magamba, yaonekana kama vidoa viwili tu. Hutambua mwanga na giza, basi. Ncha ya mkia ina kimwiba. Akishikwa hubonyeza nacho, na watu husema amechoma. Lakini kimwiba hicho hakina sumu, na kinywa chake ni kidogo mno, hawezi kumdhuru mtu. Chakula chake ni mayai na watoto wa mchwa na wa sisimizi. Hukaa ndani ya udongo, na mvua ikinyesha sana hupanda juu. Ndiyo maana alionekana siku ile. Alitumwa na mvua, si na mtu.

Wataalamu wamekwisha kutambua aina zaidi ya 400 za nyoka hawa, wakazipanga katika jamaa 5. Jamaa moja iko Madagascar peke yake. Ya pili iko Amerika ya Kati na ya Kusini. Ya tatu iko Asia, tangu Bara Hindi mpaka New Guinea. Mbili zilizobaki zimeenea nchi nyingi, na zote mbili tunazo Afrika ya Mashariki. Hizo hupambanuliwa kwa meno: moja ina meno katika utaya wa juu tu, nyingine katika utaya wa chini tu. Hawa wa utaya wa chini ni wembamba kama uzi. Mmoja wao, wa kisiwa cha Barbados, alitangazwa mwaka 2008 kuwa nyoka mdogo kuliko wote duniani: urefu wake kama sentimeta 10. Lakini kusini mwa Afrika yuko nyoka kipofu anayekaribia meta moja!

Yuko na msafiri. Asili yake ni Asia, na Mfaransa Daudin alimwandika mwaka 1803. Amechukuliwa ndani ya udongo wa vyungu vya maua, hata amefika pwani yetu na nchi nyingi za mbali. Wote ni majike, nao hutaga mayai bila dume. Mmoja tu ndani ya chungu atosha kuanzisha ukoo katika nchi ngeni.

Lakini, wazazi, shikeni neno hili. Yuko nyoka mwingine mweusi wa ardhini, naye hutoka usiku baada ya mvua. Huyo ana sumu kali. Meno yake hutokeza kando ya mdomo, basi hata ukimshika shingoni atakuchoma. Tumboni ana magamba mapana. Nyoka kipofu ana magamba yaliyo sawa mgongoni na tumboni. Lakini usimgeuze aliye hai ili kutafuta alama hiyo! Wafundisheni watoto wasimshike nyoka yeyote kwa mkono. Mwenye kuumwa apelekwe hospitali upesi, wala asichanjwe kwa wembe.

Kazi yangu ni kuandika majina katika madaftari ya parokia. Jina likikosewa, nalisahihisha kwa kalamu. Jina baya alilopewa mtu na jirani zake halifutiki kwa kalamu. Yule mama amekwisha kwenda kumwomba bibi radhi, akamchukulia na unga. Mumewe bado. Tunamngojea.

Ni mimi,
Karani wa Parokia