Namba za magonjwa zifuate maneno ya daktari

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua ili nitoe dukuduku langu kuhusu jambo ambalo wananchi wengi hawalijui, ingawa huwagusa kila waendapo hospitali. Nalo ni zile namba za magonjwa ambazo makarani huandika kwenye fomu za bima.

Mwezi Machi 2024 nilikuwa napalilia shamba la shule pamoja na wanafunzi, nikachomwa na mwiba kwenye kifundo cha mkono wa kulia. Sikujali. Baada ya siku nne kifundo kilivimba, kikawa cha moto, na homa ikanipanda. Chaki sikuweza kuishika, nikawa naandika ubaoni kwa mkono wa kushoto huku watoto wa Darasa la Tatu wakizicheka herufi zangu. Zahanati niliambiwa ni baridi yabisi, nikapewa vidonge vya maumivu. Siku ya kumi nilipanda basi hadi hospitali. Daktari alichoma sindano akavuta usaha, akanieleza kwamba kwenye viungo kuna vifuko vidogo vya ute vinavyozuia kano na mifupa kusuguana, na kimoja changu kimeingiwa na vijidudu. Maneno hayo aliyaandika yote kwenye fomu.

Shida ilianza kwa karani. Yeye alikuwa na karatasi iliyobandikwa ukutani, yenye magonjwa ya kawaida na namba zake. Ugonjwa wa kifuko haukuwamo. Akaandika M13.9, yaani ugonjwa wa viungo ambao aina yake haikutajwa. Nilipofika dirisha la dawa nikaambiwa sindano za kuua vijidudu haziendani na ugonjwa ulioandikwa, nirudi kwa daktari. Daktari alikwisha ingia chumba cha upasuaji. Ilibidi ninunue sindano za siku mbili za mwanzo kwa fedha za mfukoni, hali kila mwezi mshahara wangu unakatwa asilimia 3 kwa ajili ya bima na mwajiri anaongeza 3 nyingine.

Nilipopona nilijitahidi kujifunza mambo haya. Namba hizo si siri ya hospitali wala si za bima. Ni za Shirika la Afya Duniani, na chanzo chake ni orodha ya sababu za vifo iliyotungwa na Mfaransa Jacques Bertillon mwaka 1893. Toleo la kumi lilipitishwa mwaka 1990, na la kumi na moja lilianza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022, ingawa si kila nchi imekwisha hamia huko. Katika toleo la kumi ugonjwa wangu una mahali pake. Jipu la kifuko ni M71.0 na maambukizi mengine ya kifuko ni M71.1. Ipo hata namba ya kuongeza ili kutaja kijidudu chenyewe, mathalani B95.6 kwa yule stafilokoka anayependa majipu. Wamarekani, ambao toleo lao walianza kulitumia tarehe 1 Oktoba 2015, wamekwenda mbali zaidi: kifundo cha kulia ni M71.131 na cha kushoto ni M71.132. Mimi siombi tufike huko, maana orodha yao ina makumi ya maelfu ya namba na karani wetu ana foleni hadi mlangoni.

Lakini tofauti ya M13 na M71 si mchezo wa tarakimu. Viungo vikiuma, sababu yaweza kuwa jongo, ambayo ni M10; yaweza kuwa kifua kikuu cha mifupa na viungo, ambacho ni A18.0, yaweza kuwa usaha kama wangu. Kila mmoja una dawa yake. Usaha ulioachwa kwenye kifundo huweza kufuata ala za kano ukatoka upande wa kidole cha mwisho hadi upande wa dole gumba, na mkulima aliyekakamaa vidole hashiki jembe tena. Tena, wagonjwa kumi wa namna hii wakiandikwa kuwa wana viungo tu, wilayani itasomeka kwamba kijiji kina wazee wa baridi yabisi, wala hakuna atakayeuliza kwa nini vijana wanachomwa miiba na kuoza mikono.

Karani simlaumu. Sisi walimu tunajua: mtoto akipewa majibu manne na lile sahihi halimo, atachagua mojawapo tu, kwa sababu ameambiwa lazima achague. Wa kuulizwa ni wanaompa karani karatasi ya ukurasa mmoja na kumkataza kuacha nafasi wazi. Kwa nini asiruhusiwe kuandika maneno ya daktari kama yalivyo pale namba inapokosekana, aliyesomea kazi hiyo akaitafuta baadaye, na mgonjwa akapewa dawa siku ileile? Na kwa nini mgonjwa hasomewi kilichoandikwa kabla hajaondoka dirishani?

Mwezi uliopita nilimsindikiza jirani yangu hospitali hiyo hiyo. Karatasi ile bado ipo ukutani, imefifia, na safu ya chini haisomeki.

Mwalimu wa Shule ya Msingi,
Mkoa wa Morogoro.