Methili na Chupa Tuiitayo Spiriti

Miongoni mwa maneno ambayo kemia ogania imeikopesha hospitali, sidhani kama lipo linalosomwa mara nyingi na kueleweka mara chache kama methili. Limo katika majina ya dawa za shinikizo la damu, za maumivu na za kuchua. Limo katika chupa ya kusafishia ngozi kabla ya sindano. Na limo katika jina la sumu ambayo imewapofusha na kuwaua watu wengi katika ukanda wetu wa Afrika Mashariki. Hoja yangu katika makala haya ni kwamba sisi watoa huduma za afya tuache kuyafunika mambo haya yote kwa neno spiriti, na tuyataje majina kamili kwa Kiswahili, mbele ya mgonjwa na katika barua ya rufaa.

Maana ya neno lenyewe si ngumu. Atomu ya kaboni ina mikono minne. Ikishika haidrojeni kwa mikono mitatu na kuubakiza mmoja wa kushikia kitu kingine, kundi hilo huitwa methili. Zikiwa kaboni mbili zilizoshikana, kundi huitwa ethili; zikiwa tatu, propili. Sehemu ya mwisho ya jina hueleza kile kilichoshikwa. Mwisho wa -oli, kama walivyokubaliana wanakemia waliokutana Geneva mwaka 1892, humaanisha kwamba kitu hicho ni cha ukoo wa alkoholi. Methanoli basi ni alkoholi ya kaboni moja, na ethanoli ni alkoholi ya kaboni mbili. Ethanoli ndiyo iliyomo katika bia, mnazi, ulanzi, mbege na gongo. Methanoli ni kiyeyushi na malighafi ya viwandani. Zote mbili ni maji maangavu, zote huwaka moto, na mnywaji hawezi kuzitofautisha kwa pua wala kwa ulimi.

Katika maandishi, kinachozitenganisha ni herufi moja ya mwanzo. Na sikio la Mswahili halikuzoea kuipa m ya mwanzo uzito mkubwa. Kwetu m hiyo huja na kuondoka, mtoto akawa watoto, mgonjwa akawa wagonjwa. Katika methanoli ni sehemu ya mzizi. Ikimezwa na simu inayokatakata baina ya zahanati na hospitali ya wilaya, humezwa pamoja nayo habari yote.

Historia ya jina hili ina kejeli yake. Mwaka 1834 wanakemia wawili wa Ufaransa, Jean-Baptiste Dumas na Eugène Péligot, walikuwa wakichunguza kimiminika kinachopatikana kwa kuunguza kuni ndani ya chombo kilichofungwa na kuukusanya mvuke wake. Walipohitaji jina waliunganisha maneno mawili ya Kigiriki: methy, yaani divai, na hyle, yaani mti. Divai ya mti. Ethili ilipewa jina mwaka uo huo na Justus von Liebig wa Ujerumani, kutokana na neno etha. Ndivyo ilivyotokea kwamba kile kilichobeba neno divai ndani ya jina lake ndicho kisichofaa kunywewa kamwe, na kile kilichomo ndani ya divai yenyewe hakikulipata neno hilo.

Tofauti ya kaboni moja hujitokeza ndani ya ini. Kimeng'enya kilekile, alkoholi dihaidrojenasi, huzishughulikia alkoholi zote mbili. Ethanoli huishia kuwa asidi ya asetiki, ile ya siki, ambayo mwili huitumia kama chakula. Methanoli hugeuzwa kwanza kuwa fomaldehaidi, ambayo ikiyeyushwa katika maji huitwa fomalini, dawa ya kuhifadhia maiti. Kisha huwa asidi ya fomiki. Jina fomiki linatokana na neno la Kilatini la sisimizi, kwa kuwa asidi hiyo ndiyo wanayoirusha baadhi yao. Aliyewahi kupanda mwembe na kushambuliwa na majimoto anaijua kwa ngozi yake. Mwili wa binadamu huiondoa polepole mno. Ikilundikana, huzizuia seli zisitumie oksijeni, na seli zinazoteseka mapema ni zile za neva ya jicho. Ndiyo sababu mgonjwa husema anaona ukungu mweupe, au kama mtu aliyesimama kwenye mwanga mkali usiozimika. Baadaye huanza kuhema kwa kina na kwa haraka, hupoteza fahamu, na asipotibiwa hufa. Akipona, huenda akabaki kipofu. Mililita 30 tu za methanoli tupu zinaweza kumwua mtu mzima.

Jambo ambalo ningependa kila muuguzi wa zamu ya usiku alikumbuke ni saa. Methanoli haidhuru sana kabla haijageuzwa, na kugeuzwa huchukua muda, mara nyingi saa 12 hadi 24. Kama mtu alikunywa pamoja na ethanoli, muda huo hurefuka, kwa sababu kimeng'enya huipendelea ethanoli mara 10 hadi 20 kuliko mwenzake. Kwa hiyo mtu anaweza kunywa Jumamosi jioni, akalala, akaamka Jumapili akidhani ana uchovu wa kawaida wa pombe, na kuja kwetu Jumapili usiku akiwa amechelewa. Akija mapema naye huonekana mlevi tu, naye huambiwa arudi nyumbani akalale.

Kenya mwaka 2014 ilipatwa na milipuko miwili ya sumu hii, mmoja mwezi Mei na mwingine Julai. Katika ule wa kwanza waliripotiwa wagonjwa wapatao 341, na 100 kati yao walifariki. Katika ule wa pili walikuwa 126, na 26 wakafariki. Baada ya misiba ya namna hii lawama hurushiwa haraka mtambo wa mama mpika gongo, kana kwamba methanoli imezaliwa ndani ya pipa lake. Siitetei gongo, ambayo ina maovu yake mengi. Lakini uchachu wa nafaka au sukari hutoa methanoli kidogo sana. Matunda yenye pektini hutoa zaidi kidogo, na kwa kawaida hata hiyo haitoshi kuua kijiji. Vifo vya makundi makubwa karibu daima hutokana na methanoli ya kiwandani iliyomiminwa katika kinywaji na mfanyabiashara aliyetaka kukiongeza nguvu au wingi kwa bei nafuu. Wakati mwingine aliyeimimina hakujua alichokishika, kwa kuwa dumu alilouziwa liliitwa tu spiriti.

Hapo ndipo lugha yetu inapoingia katika kesi. Neno spiriti huitwa kwalo, kwa wakati mmoja, ethanoli ya maabara, ethanoli ya kusafishia vidonda, mchanganyiko wa kuwashia jiko, kiyeyushi cha rangi, na methanoli yenyewe. Neno alkoholi nalo tunalifasiri kuwa pombe bila kusita. Neno hilo lilianza safari yake katika Kiarabu, al-kuhl, likiwa na maana ya unga laini wa wanja. Wanja na gongo vimekutana humo kwa ajali za historia. Kwa mwanakemia alkoholi ni ukoo mzima, na walio wengi katika ukoo huo hawanyweki. Wakati wa janga la korona nilisikia vitakasa mikono vikitangazwa kuwa vina pombe ndani yake. Aliyetangaza alikusudia kusema vinaua virusi. Baadhi ya waliomsikia walielewa kingine.

Lipo pia tatizo la neno la Kiingereza lililobandikwa kwenye chupa nyingi, linalosema kwamba spiriti hiyo imemethilishwa. Kwa kanuni za kemia, kumethilisha ni kukipachika kitu kundi la methili, liwe sehemu ya molekuli yake. Ndivyo watafiti wa chembeurithi wanavyolitumia neno hilo, nao wako sahihi. Spiriti ya chupani haikupachikwa chochote. Ni ethanoli iliyochanganywa na methanoli kidogo ili isinyweke. Desturi hiyo ilianzia Uingereza mwaka 1855, serikali ilipotaka viwanda vipate ethanoli isiyotozwa ushuru wa vileo bila raia kuigeuza kinywaji. Jina likawa onyo la kiforodha, na waliolirithi hawakuambiwa kwamba ni onyo. Napendekeza tuiite kwa Kiswahili ethanoli iliyotiwa sumu. Jina hilo ni refu na halipendezi, lakini mtu akilisoma gizani kwenye kibandiko hataliweka mdomoni.

Niliwahi kumpokea kijana aliyeletwa na barua ya rufaa yenye maneno matatu ya maana: amekunywa spiriti jana. Katika kituo alikotoka alikuwa amepewa maji ya mshipani na kuachwa alale. Ndugu yake aliyemsindikiza alikuwa na chupa mfukoni tangu asubuhi, na hapakuwa na aliyemwomba aitoe. Kibandiko chake kilikuwa na jina kamili, methanoli, kwa herufi kubwa. Damu ya kijana ilikuwa imeshakuwa na asidi kali. Tulimsafisha damu kwa mashine na akaishi, lakini anatembea kwa fimbo nyeupe. Simlaumu aliyeiandika barua kwa kukosa mashine. Nalaumu desturi iliyomfundisha kwamba neno spiriti linatosha.

Linalofanya jina liwe la thamani ni kwamba dawa ipo. Fomepizoli hukizuia kimeng'enya kisiigeuze methanoli, nayo imo katika orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani tangu 2013. Pale isipopatikana, ethanoli yenyewe hutumika hospitalini kwa kipimo na uangalizi, kwa kuwa hukishughulisha kimeng'enya wakati methanoli ikiendelea kutoka mwilini bila kugeuzwa. Huongezwa baikaboneti ya kutuliza asidi, asidi ya foliniki, na usafishaji wa damu kwa mashine. Matibabu haya ya ethanoli yasijaribiwe nyumbani kwa chupa ya konyagi: mgonjwa huweza kupaliwa na matapishi au kupumua kwa shida kabla hajafika, na kipimo chenyewe huhitaji kurekebishwa kila saa. Basi kila saa inayopotea tukidhani ni ulevi wa kawaida ni saa ambayo dawa ingeweza kufanya kazi.

Wapo wenzangu wasemao kwamba mgonjwa hahitaji somo la kemia, na kwamba majina haya ni ya wataalamu. Nawaheshimu, lakini siafikiani nao. Wagonjwa wetu hutamka paracetamol, amoksilini na metronidazole bila taabu, na fundi rangi wa mtaani huyajua majina ya viyeyushi vyake kuliko madaktari wengi. Aliyeweza kujifunza hayo hawezi kushindwa na neno methanoli. Kinachokosekana ni mtu wa kumtamkia mara ya kwanza. Barua ya rufaa iandikwe jina lililosomwa kwenye chupa, kiasi, na saa ya kunywa. Chupa yenyewe isafiri na mgonjwa. Wodini, chupa ya kusafishia ngozi iandikwe ethanoli asilimia 70, au jina lolote lililo la kweli, na isijazwe tena kutoka dumu lisilo na maandishi.

Sitaki, hata hivyo, kumtoa msomaji hapa akiliogopa neno methili popote alionapo. Methili ni kiungo, na tabia yake hutegemea mwili ulioshikana nao. Methildopa huwasaidia wajawazito wenye shinikizo la juu la damu. Kodeini ni mofini iliyovishwa methili moja, ambayo ini huivua. Kafeini iliyomo katika kahawa yako ya asubuhi ina methili tatu. Hata fomepizoli, ile dawa ya sumu ya methanoli, kwa jina lake la kikemia ni methilipirazoli. Ninaloomba liangaliwe nyumbani ni methili salisileti, ile yenye harufu kali katika dawa za kuchua misuli. Ni ndugu wa aspirini. Kijiko kimoja cha chai cha mafuta yake yasiyochanganywa kina nguvu sawa na vidonge zaidi ya 20 vya aspirini vya miligramu 300, na mtoto mdogo akikinywa anaweza kufa. Chupa hiyo ikae juu, mbali na mkono wake, na mtoto aliyeionja aletwe hospitali mara moja pamoja na chupa.

Na kwa mama mwenye kisukari aliyeniuliza kliniki kama ni kweli metfomini yake ina methili: ndiyo, inazo mbili. Hazigeuki kuwa methanoli tumboni mwake. Aendelee kuimeza pamoja na chakula kama alivyoelekezwa.