Kinyozi Alipatikana, Kazi Je?

Desemba 1970, Mkuu wa Jeshi la Wanamaji la Marekani, Admirali Elmo Zumwalt, alitoa waraka uliogusa hadi nywele. Kambi kubwa ziwe na kinyozi anayezijua nywele za kipilipili, maduka yauze vipodozi vya watu weusi, maktaba ziweke vitabu vyao. Asicheke mtu. Kijana wa miaka 19 aliyezoea kujitazama kwenye kioo na afro yake anajua kunyolewa ovyo kunamwondolea nini.

Miaka miwili haikutimia, usiku wa 12 Oktoba 1972, mapigano kati ya mabaharia weusi na wazungu yakazuka ndani ya manowari ya kubeba ndege Kitty Hawk, katika vita vya Vietnam. Weusi hawakufika 300 kati ya mabaharia zaidi ya 4,000. Wengi wa vijana hao walijiandikisha wakitarajia kujifunza ufundi. Wakajikuta wanakwangua kutu, wanaosha vyombo, wanafua nguo za wenzao. Afro iliruhusiwa, lakini aliyekuwa nayo alibaki kule kule chini.

Kamati ya Bunge iliyochunguza fujo hizo ilisema haikuona ubaguzi, ikalaumu ulegevu wa nidhamu na uwezo mdogo wa akili wa waliofanya fujo. Sitawatetea waliowapiga wenzao vitandani. Ila kamati hiyo ilimwangalia aliyerusha ngumi, ikaipita orodha ya zamu za kazi bila kusimama.

Benjamin Cloud, msaidizi wa nahodha wa Kitty Hawk, mwenyewe mwenye asili ya Kiafrika, aliona zaidi. Usiku ule alisimama mbele ya kundi lililojaa hasira, akainua ngumi kama wao, akazungumza nao. Wapo waliomlaumu kwa ishara ile. Mimi naona ndiyo iliyompatia masikio ya kumsikiliza.

Mwezi uliofuata ikawa zamu ya manowari nyingine ya kubeba ndege, Constellation, na safari hii haikuwa mapigano. Mabaharia, wengi wao weusi, waliketi kwenye ukumbi wa chakula, wakamtaka nahodha apitie upya adhabu alizokuwa ametoa. Hapo hawakuzungumzia nywele tena. Walitaka kujua nani anaadhibiwa, kwa kosa gani, na kwa nini mwenzake mzungu anaachwa. Wakateremshwa San Diego. Walipoamriwa kurudi melini, zaidi ya 100 walibaki gatini, ngumi juu.