Kesi isife kwa sababu ya siku ya soko

MCHUUZI wa Kiboriloni anayetoa marobota ya mitumba kwa mali kauli anajua uchungu wa kudai. Humfuata mdaiwa nyumbani mara tatu, mara nne, mwisho anafungua shauri mjini Moshi, analipa ada na kupangiwa tarehe. Tarehe inaangukia siku ya soko. Anajisemea kuwa kesi itaahirishwa tu, kama ilivyoahirishwa mara ya kwanza, anabaki kwenye meza yake akiuza. Jioni anapata habari kuwa kesi imefutwa.

Hapo ndipo wengi hukosea hesabu, wakidhani watalipa ada nyingine na kuanza upya. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inayotumika kuanzia mahakama za wilaya hadi Mahakama Kuu, haisemi hivyo kwa kila hali. Pande zote mbili zisipofika siku ya kusikilizwa, mdai bado anaweza kufungua shauri jingine, mradi muda wa kudai haujapita. Kwa deni la mkataba ni miaka 6. Lakini mdaiwa akifika na kukana deni huku mdai hayupo, mlango huo unafungwa. Kinachobaki ni kuomba kesi irudishwe, na muda wa maombi hayo ni siku 30.

Katika maombi hayo hakuna anayeuliza kama deni ni la kweli. Mahakama Kuu ilikwisha kueleza, katika uamuzi ulioripotiwa mwaka 1998, kwamba kinachotazamwa si ubora wa kesi bali kama sababu ya kutofika inatosha. Mwenye hati ya deni iliyotiwa saini na mashahidi watano anaweza kushindwa hapo. Aliyelazwa akaja na karatasi ya hospitali ana la kusema. Aliyekuwa akiuza sokoni hana.

Kwa mgogoro wa kihamba hasara ni kubwa zaidi, maana robota hununuliwa jingine. Kanuni za mwaka 2003 za Mabaraza ya Ardhi na Nyumba ya Wilaya nazo zinaruhusu maombi kufutwa mwombaji asipofika bila sababu ya msingi, na zinampa siku 30 hizo hizo. Ajabu ni kwamba sheria ya mabaraza hayo inamruhusu ndugu au mtu wa nyumbani kusimama badala ya mwenye shauri. Mahakama ya mwanzo nayo inaweza kutoa ruhusa kama hiyo ikiombwa. Mzee wa Old Moshi asiyeweza kushuka na magoti yake wakati wa masika angeweza kumtuma binti yake, ila ni wachache wanaoambiwa hivyo.

Mahakama nazo zina sehemu yao. Mtu aliyefunga biashara mara tano, akakaa kwenye benchi hadi saa sita na kuambiwa hakimu ana udhuru, hujifunza kutokwenda. Karani amweleze kila mmoja kama tarehe ni ya kutajwa au ya kusikilizwa. Na kwa kuwa tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama kisheria, hati ya wito iandikwe kwa herufi kubwa nini kitatokea mtu asipofika, siku ngapi atabakiwa nazo, na nani anaweza kumtuma.