ZIARA YA MJI WA KALE SI YA WATALII PEKE YAO

Na mwanachama wa Chama cha Kiswahili, Kidato cha Tatu

Wahenga walinena, "Mgeni njoo, mwenyeji apone." Waama wahenga hawakukosea, lakini hapa kwetu Mombasa naona methali hii imesimamishwa kichwa chini miguu juu. Mgeni anatoka Italia au Ujerumani, anakodi mwongozaji wake peke yake, anatembezwa Mji wa Kale kwa saa tatu nzima. Kila mlango anaelezwa, kila kichochoro anaambiwa jina lake na sababu ya jina hilo. Jioni anarudi hotelini akiwa amepona ujinga. Mwenyeji je? Mwenyeji yuko ndani ya matatu anapiga miayo, anapita palepale asubuhi na jioni, na ukimwuliza Ngome ya Yesu ilijengwa lini atakujibu, "Aa, zamani sana bwana, na Wareno."

Maoni yangu, wasomaji wapendwa, ni haya: kila mwanafunzi wa shule hii anafaa kutembezwa Mji wa Kale kwa miguu, katika kikundi kidogo, na mwongozaji anayeujua vyema, kwa lugha ya Kiswahili, kabla hajaingia Kidato cha Nne. Najua wako watakaoguna. Naomba wanisikilize kwanza, kisha wanipinge.

Likizo ya Agosti iliyopita sisi wanachama tisa wa chama hiki tulichanga shilingi 200 kila mmoja, jumla 1,800. Tulimpata mzee mmoja mwenye leseni ya kazi hiyo, mkaaji wa huko huko Mji wa Kale. Tulimsihi sana, na kwa kuwa tulikuwa wanafunzi alikubali 1,500. Zile 300 zilizobaki zilituliwaza kwa kahawa chungu na kashata. Tulianza saa mbili asubuhi kabla jua halijakuwa kali, tukamaliza saa tano na nusu. Ninayoyasema hapa basi si ya kusikia kwa jirani. Aisifuye mvua imemnyea.

Jambo la kwanza ni ukubwa wa kikundi. Sote tunazijua safari za shule. Wanafunzi sitini wanashuka basini, walimu wawili wanahesabu vichwa, mwongozaji anapaza sauti mpaka inakauka. Walio mbele wanasikia nusu, walio nyuma wanasikia neno moja tu: "Msiguse!" Ukirudi nyumbani ulichokumbuka ni soda na mwenzako aliyetapika njiani. Lakini mkiwa tisa, kila mtu anauliza. Mkitaka kusimama mbele ya mlango mmoja robo saa, mnasimama. Hakuna king'ora cha basi. Vichochoro vyenyewe havipitishi basi, na hata watu sitini wakiingia mle watawazibia wenyeji njia ya kwenda sokoni. Mji wa Kale ulijengwa kwa kipimo cha miguu, na kwa miguu ndio unaoeleweka.

Jambo la pili ni kwamba ziara hii ni somo. Tulianzia nje ya ngome. Ilijengwa na Wareno kuanzia 1593 hadi 1596 kwa amri ya mfalme wao, naye aliyeichora ramani yake alikuwa Mwitaliano, Giovanni Battista Cairati. Umbo lake ukilitazama kwa juu ni kama mtu aliyelala chali. Mwaka 1696 Waomani waliizingira, na mzingiro huo ukaendelea mpaka Desemba 1698. Karibu miezi 33! Watu ndani walimalizwa na njaa na maradhi kuliko hata na risasi. Meli ya Kireno iliyokuja kuwaokoa, Santo António de Tanná, ilizama papo hapo mbele ya ngome mwaka 1697, na wapiga mbizi wakaanza kuichimbua 1977. Baadaye Waingereza wakaigeuza ngome kuwa jela, toka 1895 hadi 1958. Mzee alituambia tutazame kuta zile kisha akatuuliza, "Wanangu, nani alikuwa mwenye ngome na nani alikuwa mfungwa?" Hatukuwa na jibu la haraka. Swali kama hilo halimo katika karatasi yoyote ya mtihani niliyowahi kuifanya.

Kutoka hapo tukapita makaburi ya akina Mazrui, waliotawala Mombasa mpaka Seyyid Said alipowashinda mwaka 1837, tukaingia barabara ya Ndia Kuu. Sasa wanachama wa Kiswahili tegeni masikio. Mwalimu akitufundisha lahaja darasani, sisi huandika tu daftarini kwamba Kimvita ni lahaja ya Mombasa, tukafunga daftari. Lakini kwa nini barabara inaitwa Ndia Kuu na si Njia Kuu? Kwa sababu Kimvita ndicho hicho! Penye "nj" ya Kiswahili sanifu wao wana "nd". Njoo ni ndoo, njaa ni ndaa, njia ni ndia. Lahaja ya kitabuni imebandikwa ukutani kwa herufi kubwa, na mimi nimeipita mara ngapi! Mzee akaongeza kuwa ni hapa hapa Mombasa, katika mkutano wa mwaka 1928, ndipo Kiunguja kilipochaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu. Yaani Kimvita kilishindwa nyumbani kwake. Tulicheka, lakini yeye hakucheka sana.

Tukaonyeshwa Msikiti wa Mandhry, ambao husemekana ulijengwa 1570, na mpaka leo watu wanaswali humo. Tukafika Bandari ya Kale, ambapo majahazi yalikuwa yakiletwa na pepo za kaskazi kutoka Arabuni na Ghuba yakiwa na tende na mazulia, yakarudishwa na kusi yakiwa na boriti za mikoko. Tukaonyeshwa Leven House, jina lililotokana na meli ya Kiingereza iliyofika hapa 1824. Mji huu ndio aliofikia mmisionari Krapf mwaka 1844 akaanza kujifunza Kiswahili, na kamusi yake ya lugha yetu ikachapwa London mwaka 1882, yeye akiwa amekwisha kufa mwaka uliotangulia. Na ni katika mji huu huu alipoishi Muyaka bin Haji, malenga ambaye jina lake tunalikariri tukisoma historia ya ushairi. Darasani Muyaka ni jina. Ukitembea mle unatambua kuwa alikuwa mtu aliyekuwa na njia ya kwenda nyumbani.

Wapo watakaosema, "Hayo yote yamo vitabuni, kwa nini nichomwe na jua?" Ndiyo, yamo. Lakini kitabu hakikuonyeshi unene wa ukuta. Nyumba zile zimejengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, na kuta nene huzuia joto. Vyumba vyake ni vyembamba kwa sababu dari limeshikwa na boriti za mikoko, na boriti ya mkoko ina urefu wake, huwezi kuivuta. Vichochoro vimebanana ili nyumba moja iipe kivuli nyingine. Baraza za mawe nje ya milango ni za mgeni kukaa na kuongea bila kuingia ndani kwa wenyewe. Jambo kama hilo ukilisoma unalisahau. Ukikaa juu ya baraza lenyewe ukapigwa na upepo wa baharini saa nne asubuhi, husahau.

Wengine watasema, "Kazi ya mwongozaji ni ya wazungu, sisi tutajitembeza wenyewe." Nawajibu kuwa kuzaliwa mahali si kupajua. Nimewahi kumsikia kijana mmoja pale nje, asiye na leseni wala haya, akiwaambia wageni kwamba ngome ilijengwa na Vasco da Gama. Jamani! Vasco da Gama alipita hapa 1498, miaka 95 kabla ya ujenzi kuanza. Wageni wakatikisa vichwa, wakalipa, wakaenda zao na uongo ule mpaka kwao. Na sisi wenyeji tuliokuwepo hatukumkosoa. Nani angemkosoa, na wengi wetu hatukujua?

Hapa ndipo penye uzito wa maneno yangu. Kati yetu tisa alikuwemo mwenzetu anayeishi Kibokoni. Mzee alitusimamisha mbele ya mlango mmoja wa mbao uliochongwa, akatueleza nakshi zake na namna fundi alivyozichonga kwa mkono. Mwenzetu alikuwa kimya. Tulipoondoka ndipo akasema, "Huo ni mlango wa bibi. Mimi huupiga teke kila nikirudi shule, kwa sababu haufunguki vizuri." Kisha akatuambia kwamba kuna watu wamekuja mara mbili kutaka kuinunua nyumba, na kwamba wajomba zake wanataka iuzwe. Ukuta mmoja umepata ufa na kuutengeneza ni pesa nyingi. Wanunuzi wataibomoa wajenge ghorofa.

Mimi siwezi kuwalaumu wajomba zake. Ufa ni ufa, na pesa za karo haziokotwi. Usipoziba ufa utajenga ukuta, lakini chokaa ya kuuzibia nayo inataka kununuliwa. Ninachosema ni kwamba ngome iliwekwa katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 2011, ina walinzi na ina lango. Nyumba ya bibi haina mlinzi ila watu wake. Na watu wake wakiwa hawajui walicho nacho, wataitetea vipi? Mwenzetu alirudi nyumbani siku ile akaanza kumwuliza bibi yake maswali. Sijui kama nyumba itabaki. Lakini ikiuzwa, itauzwa na watu wanaojua wanauza nini, na hilo si sawa na kuuza gizani.

Wa mwisho watasema, "Ni ghali." Ni kweli, sisi ni wanafunzi wa kutwa, wengi wetu nauli yenyewe ni taabu. Lakini shilingi 200 kwa muhula mzima si mlima. Ni viazi vya karai vya siku chache tu. Na pesa hiyo haiendi mbali. Inaingia mfuko wa mzee wa mji wetu ambaye kazi yake hukauka watalii wakiadimika. Mwaka 2020 watalii hawakuja kwa sababu ya korona, na mzee alituambia miezi mingi alikaa barazani bila kupata hata mteja mmoja. Wenyeji tungekuwa na desturi ya kuwakodi waongozaji wetu, wangepata angalau cha kununulia unga. Mtaji wa mji usiwe mgeni peke yake, maana mgeni siku mbili.

Basi napendekeza mambo matatu kwa chama chetu na kwa walimu walezi. Kwanza, kila muhula vikundi viwili vya wanafunzi wasiozidi kumi vitoke Jumamosi asubuhi. Asiye na 200 achangiwe na wenzake. Kidole kimoja hakivunji chawa. Pili, tumtafute mwongozaji mwenye leseni, na tumwombe azungumze Kiswahili, kwa lahaja yake akitaka. Tatu, kila atakayekwenda aandike ukurasa mmoja wa aliyoyaona, na kurasa hizo ziwekwe maktabani. Baada ya miaka mitano tutakuwa na kitabu cha Mji wa Kale kilichoandikwa na watoto wa Mombasa wenyewe.

Na tukienda, twende kwa adabu. Mle ni majumbani mwa watu, si makumbusho. Tuamkie wazee, tusipige picha bila ruhusa, tusipige kelele karibu na misikiti, na wasichana na wavulana tuvae kwa heshima. Mtalii akikosea atasamehewa kwa ugeni wake. Sisi hatuna kisingizio.

Wenzangu, usiache mbachao kwa msala upitao. Tunajua majina ya wachezaji wa Arsenal mpaka wa akiba, na hilo si dhambi. Lakini tujue pia ni nani aliyelala pale mbele ya ngome na kwa nini njia inaitwa ndia. Daftari la majina liko kwa katibu wa chama. Kikundi cha kwanza kina nafasi kumi, na mimi nimekwisha kuandika jina langu tena, kwa hivyo zimebaki tisa.