Haki ya Aleksandra Khokhlova

Kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza: ndivyo isemwavyo sokoni. Methali hiyo yamfaa muuza vikapu. Haifai kuwa mizani ya sanaa. Lakini ndiyo mizani waliyoishika wakubwa wa senema katika Urusi ya Kisovieti walipomhukumu Bibi Aleksandra Khokhlova, na hukumu ile haijatenguliwa. Hata leo wengi wa wanaosomesha historia ya senema humtaja kwa maneno mawili matatu: alikuwa mke wa Lev Kuleshov.

Bibi huyu alizaliwa mwaka 1897, mjukuu wa Pavel Tretyakov aliyeanzisha jumba mashuhuri la picha mjini Moscow. Baada ya Mapinduzi ya 1917 aliingia darasa la Kuleshov. Ukanda wa filamu ulikuwa adimu mno, hata wanafunzi wakaigiza michezo isiyopigwa picha, wakizoeza jicho, bega na kidole mpaka kila kiungo kikajua kazi yake.

Wapo watakaosema kwamba Kuleshov mwenyewe alithibitisha kuwa mwigizaji si kitu. Si yeye aliyeuchukua uso mmoja wa Mosjoukine, usiobadilika, akauunganisha mara na sahani ya supu, mara na jeneza, na watazamaji wakaona njaa, kisha huzuni? Basi, wasema, mwigizaji ni udongo, na mfinyanzi ni mwongozaji. Hoja hiyo yapendeza masikioni, lakini haisimami. Kama uso wowote ungetosha, mafunzo yale yote yalikuwa ya nini? Na kwa nini Kuleshov alimng'ang'ania Khokhlova alipotakiwa amwache?

Jawabu limo katika filamu ya Po zakonu, yaani "Kwa Mujibu wa Sheria", ya mwaka 1926, iliyotokana na hadithi ya Jack London. Watu watano wanatafuta dhahabu; mmoja anawaua wawili. Edith, ambaye ndiye Khokhlova, anamzuia mumewe asimuue muuaji, kwa kuwa sheria ndiyo ipasayo kuhukumu. Wanakaa naye kibandani, amefungwa kamba, huku mafuriko yamewazingira. Mwisho mwanamke yuleyule aliyeyaokoa maisha yake anashiriki kumhukumu na kumnyonga. Mgongano huo wa huruma na sheria hauletwi na mkasi wa kukatia filamu. Umo katika mwili ule mwembamba, uliokakamaa kwa hofu, na macho yale makavu.

Wakubwa waliyaona yote hayo, wakasema: amekonda, si mzuri. Mwaka huohuo Eisenstein aliandika makala kumtetea, lakini utetezi haukufua dafu. Baada ya 1927 nafasi za kuigiza zikawa haba. Naye hakukaa akalia: aliongoza filamu, miongoni mwazo Sasha ya mwaka 1930, akafundisha vijana kwa miaka mingi katika chuo cha senema mjini Moscow. Alifariki mwaka 1985.

Uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti. Nyuso ngapi nzuri za enzi ile zimesahauliwa, na uso wa Edith ungali unamtia mtazamaji baridi! Mwanachuoni asomeshaye jaribio la Kuleshov na asiionyeshe Po zakonu amesomesha nusu ya somo, na nusu aliyoiacha ina jina. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni.