Fedha ya Mbali na Uso wa Mwana

Imezuka hoja yenye kuvutia masikio: kwamba furaha ya mtu ni mali yake peke yake, na kwamba mwana akipeleka fedha kwa wazazi wake deni lake limekwisha. Hoja hii ni ya uongo, nayo yapaswa kupingwa.

Tazama Nyakoe, katika vilima vya Kisii. Mashamba ni madogo na vijana ni wengi. Basi wengine huenda Nairobi au ng'ambo kutafuta kazi. Kuondoka si kosa. Tangu mwaka 2007, M-Pesa hufikisha fedha kijijini kwa dakika chache, nayo hununua unga na dawa. Lakini simu haimshiki mgonjwa mkono, wala haiketi jikoni kumsikiliza mama aliyelala njaa ili mwanawe asome. Fimbo ya mbali haiui nyoka.

Msidhani kwamba ugonjwa huu ni wetu peke yetu. Mjapani Yasujiro Ozu aliuonyesha mwaka 1953 katika filamu yake Tokyo Monogatari, yaani Hadithi ya Tokyo. Wazee wawili walitoka mji wa Onomichi kwenda kuwaona watoto wao. Koichi alikuwa daktari na Shige msusi. Wote walikuwa na kazi, wala hapakuwa na mwenye nafasi. Wakachanga fedha, wakawapeleka wazee Atami, penye chemchemi za maji moto, wapumzike mbali nao. Hawakuwa waovu, walidhani tu kwamba malipo ni sawa na mapenzi. Mama alipofariki, mwana mwingine, Keizo, alifika akiwa amechelewa.

Aliyewafariji wazee ni Noriko, mjane wa mwana wao aliyepotea vitani. Aliishi katika chumba kimoja, akaazima hata kinywaji cha kuwakaribisha. Lakini aliomba ruhusa kazini, akawatembeza mjini.

Wapinzani watauliza: Je, kijana aizike furaha yake kwa ajili ya wazee? La, hasha! Baba mkwe mwenyewe alimsihi Noriko aolewe tena, apate heri. Mzee aliyetunzwa hawi adui wa furaha ya kijana.

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 57, yawapa wazee haki ya kutunzwa na jamaa zao na serikali. Lakini sheria haimbebi mtu hadi mlangoni kwa mama yake. Kijana, utakapopata mshahara, peleka fedha. Kisha ifuate fedha yako, ukapige hodi mwenyewe.